Mbona Morans hawatafutwi Migori na Homa Bay?

Agosti 2025 nilikuwa kwa kinyozi mmoja hapa Migori mjini, simu imeegemezwa kwenye kioo, tunafuatilia AfroBasket kutoka Angola. Uganda wako. Rwanda wako. Sudan Kusini wako. Misri ndio usiseme, hao hawakosi. Kijana aliyekuwa kitini, mrefu mpaka magoti yanagusa ukuta, akauliza bila kugeuza kichwa: "Na Kenya inacheza saa ngapi?"

Kinyozi akazima mashine. "Omera, Kenya haiko."

"Haiko leo ama haiko kabisa?"

"Haiko kabisa."

Mashine ikawashwa tena, tukaendelea kuwashangilia Uganda kama vile ni timu ya shangazi yetu. Lakini lile swali lilinikalia rohoni, na ndilo limenifanya niandike haya.

Kwa wale hamfuatilii sana, mambo yako hivi. Mpira wa vikapu duniani unaendeshwa na FIBA, ambao makao yao yako Mies kule Uswisi. Chini yao kuna ofisi za mabara, na yetu, FIBA Afrika, iko Abidjan. Afrika nayo imekatwa kanda saba. Sisi tuko Kanda ya Tano pamoja na Misri, Sudan, Sudan Kusini, Ethiopia, Eritrea, Somalia, Uganda, Rwanda, Burundi na Tanzania. Mashindano mengi ya kufuzu, ya wakubwa, ya wanawake na ya vijana, huanzia hapo kwa majirani kabla hujaota kukutana na Nigeria au Senegal.

Sasa hesabu na mimi. AfroBasket ya wanaume 2025 ilichukua timu nne kutoka kanda yetu: Misri, Rwanda, Sudan Kusini na Uganda. Ile ya wanawake iliyochezwa Abidjan mwaka huo huo ilichukua nani? Misri, Rwanda, Sudan Kusini na Uganda. Wale wale wanne. Kenya, ambayo kila kukicha inajiita baba wa michezo Afrika Mashariki, ilitazama zote mbili kwa simu kama sisi tuliokuwa kwa kinyozi.

Na si ati hatujui kucheza. Mnakumbuka 2019? Morans walienda Bamako kwa AfroCan ya kwanza kabisa, shindano la wachezaji wanaosakata hapa hapa barani, wakiwa na kocha Cliff Owuor, na hakuna aliyewapa nafasi. Walifika fainali. DR Congo ndio waliowazima, tukarudi na medali ya fedha. Februari 2021 wakawa Yaoundé, mechi ya kufuzu dhidi ya Angola, nchi ambayo imeshinda ubingwa wa Afrika mara nyingi kuliko nyingine yoyote. Sekunde za mwisho Tylor Okari Ongwae akaachilia mpira, king'ora kikalia, 74-73. Nakumbuka nilipiga nduru mpaka mama mwenye nyumba akaja kuuliza kama kuna mwizi. Ushindi huo uliturudisha AfroBasket baada ya miaka 28. Mara ya mwisho ilikuwa 1993, tulipoandaa wenyewe Kasarani na kumaliza wa nne.

Kocha wakati huo alikuwa Liz Mills, mwanamke kutoka Australia, na kule Kigali akawa mwanamke wa kwanza kuongoza timu ya wanaume kwenye AfroBasket. Tulimpiga Mali. Kisha tukakutana na Sudan Kusini, mechi ya kuamua nani aende robo fainali, tukalala kwa pointi mbili tu.

Hiyo mechi naomba uishikilie akilini. Pointi mbili. Kenya na Sudan Kusini siku hiyo walikuwa sawa. Sudan Kusini walikuwa wanacheza AfroBasket yao ya kwanza katika historia, nchi iliyopata uhuru 2011 na kuingia FIBA 2013. Miaka miwili baadaye walikuwa Kombe la Dunia, wakamaliza kama timu bora ya Afrika na kukata tiketi ya Olimpiki. Julai 2024 kule London nusura wawaaibishe Marekani ya LeBron James, wakapoteza 101-100. Kisha Ufaransa kwenye Olimpiki wakamchapa Puerto Rico 90-79. Sisi baada ya zile pointi mbili tulienda wapi? Tulirudi nyumbani, tukapiga picha uwanja wa ndege, basi.

Najua utaniambia Sudan Kusini wana watu warefu na wana Luol Deng, aliyecheza NBA na sasa anaongoza shirikisho lao kwa pesa na majina aliyo nayo. Kweli. Lakini hawa ni watu ambao wakati wakienda Olimpiki, nchi yao haikuwa na hata ukumbi mmoja wa ndani wa kuchezea vikapu. Na baadhi ya wachezaji wao walipitia huku kwetu. Nuni Omot alizaliwa Nairobi. Na kwa habari ya urefu, njoo Jumapili jioni ufuo wa Homa Bay uangalie wavuvi wakivuta nyavu, kisha urudi uniambie Kenya haina watu warefu.

Hapo ndipo naona tatizo letu, na si Abidjan wala Uswisi. Tukishindwa kufuzu huwa tunasikia maneno matatu: Shirikisho la Mpira wa Vikapu Kenya halina pesa, serikali imechelewesha tiketi, wachezaji wa ughaibuni hawakuachiliwa na klabu zao. Yote yanaweza kuwa kweli. Lakini hebu jiulize kwa nini timu ya taifa inategemea sana watoto wa Wakenya waliokulia Marekani na Ulaya, halafu hakuna anayeshuka Oyugis.

Oyugis naitaja kwa sababu. Pale kuna Agoro Sare, shule ya upili ambayo mtu yeyote anayefuata vikapu vya shule Nyanza anajua jina lake. Ukipangwa nao unalala mapema. Mashindano ya shule za Afrika Mashariki, FEASSSA, ndiyo mahali pa kwanza ambapo kijana wa ziwani anaweza kuvaa jezi yenye neno Kenya na kukutana na Mganda, Mnyarwanda na Mtanzania. Arusha mwaka 2022, Huye kule Rwanda 2023, michezo hiyo huzunguka. Na wanaojua FEASSSA wanajua vile shule za Uganda zilivyo wajanja: wakiona kijana wa Kenya ama Sudan Kusini anaruka vizuri, wanamchukua na kumlipia karo. Sisi tunalalamika kwamba wanatuibia. Ukimwokota mtoto aliyeachwa nje usiku ukampeleka kwako, umemwiba?

Kwa sababu swali ni hili: akimaliza kidato cha nne, mchezaji wa Homa Bay anaenda wapi?

Mimi nimeona anakoenda. Shuleni tulikuwa na jamaa mmoja wa futi sita na inchi saba. Alikuwa anapiga danki kwa mikono miwili kwenye ringi lililolegea, na tulikuwa tunaogopa ringi litamfuata chini. Mwaka wetu wa mwisho tulifuzu kwenda mashindano ya ngazi ya juu. Tukaamka saa kumi usiku, tukaoga maji baridi, tukajipanga kwa lango na mabegi. Saa nne asubuhi tukaambiwa basi halina mafuta na pesa za safari hazijaingia. Tulirudi darasani na viatu vya michezo miguuni. Mwalimu wa zamu alitufundisha Kemia siku hiyo na sikumbuki hata neno moja, ila nakumbuka yule jamaa alivyokaa nyuma ya darasa, miguu imetoka mpaka kwenye njia, akitazama dirisha.

Mwaka uliofuata mtu fulani alimwalika majaribio Nairobi. Si ya timu ya taifa, ya klabu tu. Nauli kutoka hapa ilikuwa kama 1,500 kwenda peke yake, na kule uwe na pa kulala siku tatu. Kwao walikuwa wanauza omena. Nauli ikakosa, majaribio yakapita. Sahii ana bodaboda, yuko steji ya pale kwenye barabara ya Isebania, na abiria wake wote humuuliza swali lile lile: "Wewe mbona huchezi basketi?"

Mimi mwenyewe chuo kilinishinda mwaka wa pili, karo ilikataa. Sisemi haya ndio unihurumie, naandika na nakula. Nasema kwa sababu Nairobi kuna vyuo vikuu vinavyompa mchezaji nafasi ya kusoma bila kulipa, na huko ng'ambo ni zaidi. Kwa mtoto wa mtu mkubwa hilo ni jambo la kufurahisha tu. Kwa yule wa omena ndiyo tofauti ya digrii na bodaboda. Kwa hivyo tukizungumzia Kanda ya Tano na AfroBasket, usifikiri ni habari ya medali na wimbo wa taifa pekee.

Hapa Homa Bay wanapaswa kuelewa kuliko watu wote. Tom Mboya amezikwa Rusinga, ng'ambo ile ya Mbita. Mwaka 1959 ndege ya kwanza ya wanafunzi aliowasaidia kwenda kusoma Marekani ilibeba watu 81. Wazee wetu bado wanasimulia kama jana. Waliochaguliwa hawakuwa watoto wa matajiri, walikuwa watoto ambao mtu alienda kuwatafuta na kuwaombea pesa. Leo kipaji cha vikapu kingeweza kuwa ndege kama hiyo, na hakuna aliyefungua hata kaunta ya tiketi.

Sasa tuje kwa viwanja, kwa maana hapo ndipo damu inanichemka.

Katiba ya 2010, Jedwali la Nne, inasema michezo na vifaa vyake katika kaunti ni kazi ya kaunti. Si ya Nairobi, si ya FIBA. Na kaunti zetu zimejenga, siwezi kudanganya. Homa Bay ina uwanja uliopewa jina la Raila Odinga, ambapo taifa zima lilikuja kusherehekea Madaraka tarehe 1 Juni 2025. Migori tuna wetu pia. Lakini sikiliza mazungumzo ya wanasiasa: uwanja kwao ni nyasi, jukwaa na magoli mawili. Kandanda, kandanda, kandanda. Napenda kandanda, si ugomvi. Ila hata huko tumejifunza nini? SoNy Sugar ya Awendo ilikuwa bingwa wa ligi 2006, timu ya kijiji cha miwa ikiwaburuza vigogo wa Nairobi. Mwaka 2019 ikafukuzwa ligini kwa kukosa kufika mechi tatu, pesa hazikuwepo. Jukwaa halimpeleki mtu mechini.

Uwanja kamili wa vikapu ni mita 28 kwa 15. Hiyo ni sehemu ya kuegesha magari ya waheshimiwa siku ya mkutano. Nusu uwanja wa wachezaji watatu kwa watatu ni mita 15 kwa 11. Saruji, nguzo, ubao, ringi lililopimwa liwe mita 3.05 kutoka chini, na rangi. Haihitaji kumwagiliwa maji, haihitaji kufyekwa, mvua ikinyesha asubuhi mchana watu wanacheza. Weka moja Rongo, moja Awendo, moja Kehancha, moja Ndhiwa, moja Mbita, moja Kendu Bay. Gharama yote hiyo haiwezi kukaribia jukwaa moja lenye paa.

Na hii ya watatu kwa watatu ndiyo nataka wasomaji wa rika langu muielewe, kwa sababu ina siri ambayo wengi hawajui. Ni mchezo wa Olimpiki tangu Tokyo. Kenya tayari tulituma timu za wanaume na wanawake Birmingham kwa Michezo ya Jumuiya ya Madola 2022. Timu ina watu wanne tu, watatu ndani na mmoja wa akiba. Mechi ni dakika kumi, ama wa kwanza kufika 21. Yaani gari moja la kina probox linabeba timu nzima na kocha, ingawa yule jamaa wangu ingebidi atoe miguu dirishani.

Siri yenyewe ni mfumo wa pointi. FIBA wana jukwaa la mtandaoni ambapo mchezaji yeyote anajisajili bila malipo, na hata shindano dogo la mtaani linaweza kuandikishwa. Ukicheza shindano lililoandikishwa unapata pointi kwa jina lako. Na cheo cha nchi duniani kinahesabiwa kutokana na pointi za wachezaji wake bora. Maana yake, mechi ya Jumapili hapa Migori, ikiandikishwa vizuri, inaingia kwenye hesabu moja na mechi za Paris. Katika vikapu vya watano lazima usubiri shirikisho likuite, likupe jezi, likutafutie ndege. Huku unaweza kuanza bila kuitwa na mtu. Nashangaa kwamba vijana ambao wanajua kila kona ya programu za kubeti hawajui hii.

Na tukifika kwa kubeti, wacha niseme kidogo tu. Hazina ya Michezo, Sanaa na Maendeleo ya Jamii ilianzishwa 2018, na pesa zake zinatokana na kodi ya michezo ya kubahatisha. Kila mkeka wako ukichanika Jumamosi usiku, kuna kipande kilienda serikalini kwa jina la michezo. Sisi wa Migori tumechanikiwa na mikeka ya kutosha. Tunaomba angalau ringi.

Kuna jambo lingine ambalo nadhani Kanda ya Tano yenyewe inaweza kulifanya, na hapa wakubwa wa shirikisho wataniona kichwa ngumu. Mashindano ya kanda karibu kila mara huwa kwenye miji mikuu: Kigali, Kampala, Cairo, Nairobi, Dar. Naelewa, huko ndiko kuna kumbi. Rwanda walifungua ukumbi wa watu 10,000 mwaka 2019, na tangu hapo karibu kila kitu kikubwa kimepita Kigali: AfroBasket ya wanaume 2021, ya wanawake 2023, hadi ligi ya klabu za Afrika, BAL, iliyoanza pale Mei 2021. Walijenga, wakavuna. Heko kwao.

Lakini kwa timu za chini ya miaka 16 na 18, kwani ni lazima ukumbi wa watu 10,000? Tazama ramani na uache mipaka kwanza. Kutoka Migori mjini, matatu inakufikisha Isebania kabla wimbo wa tatu haujaisha. Unavuka, uko Sirari. Mbele yake Tarime, halafu Musoma, halafu Mwanza. Upande wa pili Homa Bay, Kisumu, Busia, Jinja. Hili ni ziwa moja. Watu wa pande zote wanauziana samaki, wanaoana, wanazikana. Wakuria wako pande zote mbili za mpaka na hawajawahi kuomba FIBA ruhusa ya kutembeleana. Lakini klabu ya Migori ikitaka kucheza kirasmi na klabu ya Musoma, hiyo tayari ni mechi ya kimataifa, na mashirikisho mawili lazima yajue na yakubali. Barua iende Nairobi, nyingine Dar es Salaam, kwa ajili ya vijana ambao wangeweza kukutana kwa nauli ya bodaboda.

Pendekezo langu: mashirikisho ya Kenya, Uganda na Tanzania yakae chini yatoe kibali kimoja cha msimu kwa ligi ya vijana ya kuzunguka ziwa. Moja tu, si barua ya kila mechi. Kanda ya Tano iitambue, itume waamuzi wawili watatu wenye beji, na skauti wa timu za taifa za nchi zote tatu wajue kwamba Agosti watu warefu wote wa ziwani watakuwa mahali pamoja. Shule zimefanya hivyo miaka mingi kupitia FEASSSA, kwa hivyo usiniambie haiwezekani. Kilichobaki ni yule kijana aliyemaliza shule, mwenye miaka 18 ama 19, ambaye FEASSSA haimtaki tena na ligi ya Nairobi haijui kama yupo.

Nilipoweka wazo hili mtandaoni kuna mtu alinijibu kwamba ni ndoto ya mchana, kwamba Kenya kwanza ijenge kileleni, timu ya taifa ikishinda ndipo pesa zitateremka mashinani. Nimelifikiria hilo sana, kwa sababu si hoja mbaya. Ushindi unavuta wadhamini. Nairobi City Thunder walipokuwa klabu ya kwanza ya Kenya kufika BAL mwaka 2025, hata kwetu huku watoto walianza kuvaa jezi zao. Hiyo ilikuwa raha na siibezi. Lakini tumeshajaribu njia hiyo. Fedha ya Bamako ilikuwa kilele. Lile goli la Ongwae lilikuwa kilele. Ni kipi kiliteremka hadi Ndhiwa? Maji hayashuki mlimani kama hujachimba mfereji. Na timu yenyewe ilipozeeka kidogo hapakuwa na kundi la pili nyuma yake, ndiyo maana Agosti tulikuwa tunawashangilia Uganda.

Mwingine akasema, mbona usilalamikie shirikisho moja kwa moja? Nalilalamikia. Nataka majaribio ya timu za vijana yafanyike pia Kisumu, na tarehe itangazwe mapema, si ujumbe wa WhatsApp siku mbili kabla unaokufikia ukiwa umesambazwa mara ishirini. Nataka kila kaunti iwe na chama cha vikapu kinachofanya kazi, chenye uchaguzi unaojulikana, kwa sababu shirikisho la taifa linasimama juu ya vyama vya chini. Hapa kwetu ukiuliza vijana mwenyekiti wa vikapu wa kaunti ni nani, utaona wanatazamana. Lakini pia nataka tuache kusubiri Nairobi ituletee kila kitu kwa lori.

Na wasichana? Nimewaacha karibu na mwisho na hilo ni kosa langu, maana wao ndio wanaumia zaidi. Lionesses mwaka 2021 walishinda mashindano ya Kanda ya Tano pale Kigali, wakaipiga Misri kwenye fainali na kwenda AfroBasket ya Yaoundé. Walikuwa malkia wa kanda hii. Miaka minne baadaye, Abidjan bila wao. Kijana wa kiume akikosa timu atapata angalau mahali pa kucheza jioni na wenzake. Msichana wa Homa Bay akimaliza shule, kiwanja cha jioni kimejaa wavulana, giza linaingia, na nyumbani wanamuuliza anatafuta nini huko. Kama zile nusu uwanja zitajengwa, ziwekwe taa, na ziwekewe siku zao.

Yule jamaa wa futi sita na inchi saba nilimtembelea steji wiki iliyopita. Nikamweleza kuhusu pointi za mtandaoni. Akacheka, akasema, "Mimi nina pointi za mkopo wa pikipiki tu." Kisha akaniuliza polepole kujisajili ni kama pesa ngapi. Nikamwambia ni bure. Akanyamaza, akapangusa tanki la pikipiki ambalo lilikuwa safi tayari.

Tumechanga mabeshte tisa. Fundi wa jua kali ametutoza 3,500 kwa ringi mbili, nguzo tumepewa na mzee mmoja aliyebomoa ghala, na mama anayeuza mandazi kando ya kile kiwanja ametukubalia tuchote maji kwake, mradi, alisema, "nyathina, mpira usinipige kwa sufuria." Saruji bado mifuko sita. Nimeandikia vijana wa Tarime tunaojuana nao mtandaoni, timu nne, Jumamosi moja ya Desemba. Wamejibu kwamba watakuja, ila wanauliza kama wanahitaji barua.